Ramani ya Nairobi Haitulii: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Haya ni maswali ninayoulizwa na majirani wakishajua kazi yangu ni kuchora ramani, na vijana wa mtaa wanaosoma jiografia, na hata kwa harusi mtu ananivuta kando. Nimezaliwa Eastlands, nimelelewa Umoja, saa hii nalala Ruai, kwa hivyo mifano mingi itaelemea upande huo, watu wa Kileleshwa mtanivumilia.

Mpangilio wa kijiografia ni nini, kwa lugha ya nyumbani?

Ni vile vitu na watu wamekaa juu ya ardhi. Panda juu ya ghorofa yoyote pale Pipeline jioni, saa watu wanaanua nguo, uangalie pande zote. Upande mmoja ni taa za airport, upande mwingine mabati ya Mukuru yameshikana mpaka godauni za Industrial Area, halafu mbali kabisa unaona ghorofa ndefu za tao na Upper Hill, na kama hakuna mawingu, milima ya Ngong nyuma yake. Huo ndio mpangilio. Sasa kitu watu husahau ni kwamba kila kitu kwa hiyo picha kina umri wake, hakuna siku moja ambayo vyote vilipangwa pamoja.

Basi vinabadilika kwa kasi gani?

Hapa ndipo pa maana, kwa hivyo nitakaa kidogo. Watu ndio wepesi kuhama, mwisho wa mwezi unaona tu pikapu imebeba godoro, meko na mtoto ameketi juu ya sofa. Biashara inafuata, hiyo ni miaka michache. Nyumba inaishi miaka thelathini, arobaini, kabla mtu aibomoe. Barabara inaishi zaidi ya nyumba. Na mistari ya ploti, ile saveya alichora akapiga bikoni, vile vigingi vya mpaka, hiyo haisongi karibu milele, juu kuisongesha lazima wenye ploti wote wakubaliane na unajua vile watu hukubaliana. Chini ya hayo yote kuna udongo na mito, na hivyo havina haraka na mtu.

Chukua Dandora. Ilianzishwa miaka ya sabini kwa mkopo wa World Bank, mpango ukiwa mtu anapewa ploti ndogo iliyo na maji na choo tayari, halafu anajijengea vyumba polepole akipata pesa. Ploti zilipimwa zitoshe familia moja na wapangaji wachache. Leo pahali pengi hapo pameota ghorofa, lakini ukubwa wa ploti ni uleule, kwa hivyo jengo linapanda juu likiwa jembamba, limegusana na la jirani, na ndani mchana saa sita unawasha taa. Nyumba imebadilika, wapangaji wamebadilika mara ngapi sijui, ila ile giza ya kwa koridoo ilichorwa na saveya wa miaka ya sabini akifikiria nyumba ya chini.

Umoja ni hivyohivyo. Nyumba tuliyokulia ilikuwa ya chini, na kauwanja mbele ambako mamangu alipanda sukuma mistari minne. Leo hapo pana ghorofa, na mlango wake uko palepale geti letu lilikuwa, hata ile kona ya ukuta bado inakatiza vibaya vile ilikuwa inakatiza.

Nairobi ilikuja kuwa hapa kwa nini? Hapa hapana bahari, hapana mto mkubwa.

Reli. Waingereza walianza kujenga reli kutoka Mombasa 1896, ikafika hapa 1899, na mbele kulikuwa na kazi ngumu ya kupanda nyanda za juu halafu kuteremka Bonde la Ufa. Walihitaji uwanja tambarare wa kuweka mataruma, injini na wafanyakazi kabla ya huo mlima, na maji yalikuwepo, jina lenyewe ni la Kimaasai la maji baridi. Reli ikaendelea ikafika ziwa, Kisumu, 1901. Kambi ilifaa ihame nayo ama ife. Haikuhama. Ofisi zilikuwa zishakuja, wafanyabiashara Wahindi washafungua maduka, na muda si mrefu makao makuu ya serikali nayo yakatolewa Mombasa yakaletwa hapa. Eneo lenyewe lilikuwa la majimaji, tauni ikaingia mapema sana na soko likachomwa moto, na kulikuwa na watu waliosema mji uhamishwe, wapi. Sababu ya kwanza iliisha kwa miaka miwili, mji una zaidi ya miaka mia moja ishirini. Hiyo ndiyo tabia ya hivi vitu na utaiona tena na tena huku chini.

Mbona magharibi kuna miti na mashariki kuna ghorofa zimebanana?

Swali la kila mtu. Jibu la haraka ni ukoloni, na ni kweli, lakini anza na udongo. Upande wa magharibi uko juu, udongo ni mwekundu, maji yanapita, mti ukipanda unashika. Ukielekea mashariki ardhi inateremka inakuwa tambarare na udongo ni ule mweusi wa mfinyanzi unaovimba mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka, gumboot inabaki ndani mguu unatoka. Kujenga hapo lazima uchimbe uutoe wote mpaka ufike kwa mwamba, uliza mtu yeyote wa Ruai ametumia ngapi kwa msingi.

Sasa Mzungu akajichagulia huko juu kwekundu, Muthaiga, Kilimani, Lavington, Karen, ploti za nusu eka mpaka kadhaa. Wahindi wakapewa katikati, Ngara na Parklands. Mwafrika akawekwa mashariki karibu na reli na viwanda, Pumwani miaka ya ishirini, halafu Shauri Moyo, Kaloleni, Makongeni, Bahati, nyumba za mwajiri na za munisipali, na mwanzoni hesabu ilikuwa ya mwanaume aliyekuja kazi peke yake, bibi na watoto wabaki ushago. Hiyo sheria ya rangi iliisha, uhuru ukaja 1963, na mtu mwenye pesa wa kabila lolote akahamia Lavington. Lakini ploti ya nusu eka ilibaki ya nusu eka na ploti ndogo ikabaki ndogo. Kwa hivyo mpaka wa rangi uligeuka ukawa mpaka wa pesa bila kusonga hata hatua moja.

Ila usidhani magharibi imelala. Kilimani na Kileleshwa ndio pameenda mbio kuliko pote miaka ishirini hii, bungalow moja na bustani yake inabomolewa panakuja fleti sitini. Upper Hill zilikuwa nyumba za chini za maofisa wa reli na serikali, leo ni benki na kampuni za bima zilizokimbia jam ya tao, na zimekuja na jam yao. Hapo kwenye ploti kubwa ghorofa inapata nafasi ya parking na dirisha, Dandora haipati, ona tena kazi ya ule mstari.

Nimesoma idadi ya watu wa Nairobi iliruka ghafla miaka ya sitini. Ni watu wote walikuja na uhuru?

Wengi walikuja, vizuizi vya kuingia mjini vilikuwa vimelegezwa. Lakini angalia mpaka kwanza. Kabla ya 1963 mji ulikuwa chini ya kilomita za mraba 100, halafu mstari ukasukumwa nje ukafika karibu 700, ukameza Karen, Dagoretti, Embakasi na hata mbuga ya wanyama. Ndiyo maana kwa sensa hiyohiyo moja ya 1962 utakuta kitabu kimoja kimeandika kama 267,000 na kingine 343,500, na hakuna aliyedanganya, mmoja amehesabu ndani ya mstari wa zamani na mwingine wa mpya. Mtu akichukua namba ndogo ya 1962 akaiweka kando ya 509,286 ya 1969 anapata mlipuko, na sehemu ya huo mlipuko ni wino tu.

Kwa hivyo ukikutana na ramani mbili za miaka tofauti, kabla hujashangaa, uliza mpaka ni uleule? Na kwa Kenya hii ndio mtego mkubwa juu tulikuwa na mikoa minane, wilaya zikawa zinaongezwa kila uchaguzi ukikaribia, halafu katiba ya 2010 ikaleta kaunti 47. Ukilinganisha wilaya ya 1999 na sabkaunti ya 2019 yenye jina lilelile unaweza kuwa unalinganisha embe na chungwa.

Na hiyo mbuga inahesabiwa ndani ya mji?

Ndiyo, kilomita za mraba 117, imekuwa mbuga tangu 1946. Sensa ya 2019 ilipata watu 4,397,073, ukigawa kwa eneo lote unapata zaidi ya 6,200 kwa kila kilomita ya mraba, ukitoa mbuga inaruka kama 7,500. Simba wanatushushia wastani.

Watu wanasema Nairobi imejaa na kila mtu anahama. Ni kweli?

Nusu. Kati ya 2009 na 2019 Nairobi yenyewe iliongezeka kutoka 3,138,369 mpaka hizo 4,397,073, ni kama asilimia 40, na nchi nzima ni kama 23. Lakini jirani wamekimbia zaidi: Kiambu karibu asilimia 49, Kajiado zaidi ya 62. Hiyo ya Kajiado sio ng'ombe wamezaa, ni Rongai, Kitengela na Ngong, watu wanaolala huko na kufanya kazi huku. Mtu wa Kitengela ukimuuliza anakaa wapi akiwa ushago atakwambia Nairobi, na mimi simlaumu.

Ndani ya Nairobi yenyewe ndio tamu zaidi. Sabkaunti ya Makadara, ambayo ni zile Eastlands za kale, Kaloleni, Makongeni, Maringo, Jericho, ilikuwa na watu 189,536. Embakasi peke yake 988,808, na Njiru 626,482. Yaani hizo mbili za ukingoni zimebeba zaidi ya theluthi ya jiji lote. Nikiwa mdogo Eastlands ilikuwa inaishia kichwani mwangu pale Umoja, zaidi ya hapo ilikuwa Kayole halafu mashamba. Sasa hivi neno Eastlands limevutwa kama lastiki, mtu wa Utawala anasema anatoka Eastlands na mzee wa Kaloleni anamwangalia tu.

Barabara huleta watu ama watu ndio huleta barabara?

Vyote, na ndio kuku na yai wetu. Githurai, Kahawa, Ruiru zilikuwa na watu kabla Thika Road ipanuliwe, ndio maana ilipanuliwa, jam ilikuwa ya kulia. Superhighway ilipofunguliwa 2012 muda wa safari ukapungua, na ukipunguza muda ni kama umevuta ardhi karibu. Ruiru ikafika karibu watu laki tano kwa sensa ya 2019, imezidi miji mingi tuliyofundishwa shuleni kuwa ndiyo mikubwa.

Lakini angalia nani barabara imemsogeza. Ile expressway ya kulipia ya kutoka Mlolongo hadi Westlands, kilomita 27, imefungua 2022, imeleta airport karibu na Westlands kwa mwenye gari na pesa ya tiketi. Aliye kwa matatu chini yake bado anaihesabu kwa dakika zilezile. Ramani ya umbali wa jiji sasa iko mbili, moja juu ya nguzo na moja chini.

Na tafadhali msinunue ploti kwa neno lami inakuja. Sisi tuliambiwa hivyo Joska na kampuni moja, jina naliacha, wakatupeleka site kwa basi na soda na kofia. Miaka sita. Maji bado ni ya bauza, na bikoni yangu ya nyuma niliipata ndani ya mahindi ya mtu.

Eastleigh ilikuwa mtaa wa makaazi, iligeukaje soko la nchi nzima?

Eastleigh ni mfano wa watu na biashara kubadilika juu ya mistari ileile. Ilipimwa mapema karne iliyopita, barabara za kukata mraba zenye namba, First Avenue, Second Avenue, na kwa muda mrefu ilikuwa ya Wahindi wengi na Wasomali wachache. Baada ya uhuru wenyeji wengi wakahamia Parklands na kwingine. Halafu 1991 serikali ya Somalia ikaanguka, watu wakakimbilia hapa, wengine na mtaji na jamaa Dubai. Gesti inayoitwa Garissa Lodge, vyumba vya kulala vikaanza kutumika kama duka, mchana ni nguo kitandani, na baadaye ikawa mall kabisa, nyingine zikaiga. Chumba cha gesti kidogo kikawa kipimo cha duka, na mpaka leo ukiingia mall nyingi za huko duka ni kadogo hivyo, bei ikiwa chini sababu kodi inagawanywa kwa wengi. Zile avenue zilizonyooka nazo zikasaidia lori kuingia. Mtaa wa vichochoro haungeweza.

Kibera ina watu milioni moja ama haina?

Haina. Sensa ya 2009 ilipata 170,070, na 2019 sabkaunti nzima ya Kibra, ambayo ina mitaa mingine pia, ilikuwa 185,777. Hata ukisema wahesabuji waliruka nyumba, hawaruki watu laki nane. Namba kubwa ilirudiwa sana hadi ikawa kama ukweli. Jina lenyewe ni la Wanubi, askari wa KAR, lile jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki, waliowekwa hapo mwanzo wa karne iliyopita, maana yake msitu. Na 2009 vijana wa hapohapo walianza kuichora wenyewe, Map Kibera, juu kwa ramani nyingi za wakati huo ilikuwa inaonekana kama uwanja mtupu, vyoo, shule na kliniki hakuna.

Mbona stegi zina majina ya vitu havipo?

Hii naipenda. Odeon hapana sinema, ilifungwa, lakini makanga ataita Odeon hadi leo. Globe nayo ilikuwa sinema, leo ni mzunguko na flyover. Githurai 44 na 45 ni namba za basi zilizopita huko zikageuka kuwa majina ya mitaa, mtu anazaliwa 45 na anazikwa akiwa wa 45. Mlolongo jina limetokana na foleni ya malori kwa mizani. Jina ni kama ploti, likishapigwa bikoni halitoki. Ukitaka kujua pahali palikuwa nini, sikiliza makanga kwanza ndio ufungue ramani.

Mafuriko yanaongezeka kwa sababu ya mvua ama kwa sababu yetu?

Mvua kubwa ilikuwepo, Aprili 2024 ilikuwa mbaya na watu walikufa, Mathare hasa, baadaye serikali ikaamuru walio ndani ya mita 30 kutoka mtoni waondoke. Lakini maji yanafuata njia yao ya zamani. Kilichobadilika ni juu yake: Kilimani ikiwa ya bustani maji yalizama udongoni, ikiwa ya saruji na kabro yanakimbia yote mtoni kwa saa moja, na anayeyapokea ni mtu wa chini. Nairobi Dam pale Lang'ata ilijengwa 1953, watu wakawa wanapiga boti hapo, leo imejaa matope na magugu, wengine wanalima. Bwawa halishiki tena kitu, lakini kwa ramani za zamani bado limepakwa bluu.

Nitaangaliaje mtaa wangu mwenyewe bila kulipa mtu?

Google Earth ya kompyuta ina kitufe cha kurudi nyuma miaka, anza hapo. Ukitaka kurudi zaidi, picha za setilaiti za Landsat zinaanzia 1972 na tangu 2008 ni za bure, ingawa za miaka ya sabini ni za kuona mtaa kwa ujumla, nyumba moja hutaiona. Linganisha mwezi uleule, ukichukua Februari ya mwaka mmoja na Mei ya mwingine utasema jiji limepata msitu kumbe ni nyasi za mvua. Ramani za karatasi za 1:50,000 utazipata Survey of Kenya, ofisi ya serikali ya upimaji, pale Thika Road. Halafu uliza mzee wa mtaa, umwonyeshe picha kwa simu, atakwambia lile doa jeupe lilikuwa timbo la mawe.

Mtaa gani utafuata kupanda?

Ningejua singekuwa na ploti Joska. Mimi huangalia hadiwea, zikifika tatu kwa kona moja jua watu wanajenga, halafu kibanda cha chipo, halafu basi la shule ya praiveti. Na stegi. Yetu hapa Ruai inaitwa Mwisho, juu matatu zilikuwa zinageuzia hapo kwa mti, ukishuka ni miguu. Tangu mwaka jana zinapita zinaenda mbele karibu kilomita mbili, kuna watu wengi huko kuliko sisi. Jana usiku nimesinzia kwa gari nikaamshwa na makanga anagonga bati, "Mwisho! Kuna wa Mwisho?" na tuliposhuka tulikuwa watatu tu, gari ikaendelea ikiwa imejaa.